Ukikiondoa kichuma cha mbele, bunduki inabaki bunduki

Kama wewe ni msomaji wa magazeti ya hapa Bongo, utakuwa umezizoea herufi hizi: SMG na SAR. Majambazi wamevamia duka wakiwa na SMG. Polisi wamekamata SAR moja ikiwa na risasi kadhaa ndani ya magazini. Sisi waandishi tunazinakili kutoka kwenye taarifa ya kamanda wa mkoa, mhariri anapitisha, mtambo unachapa, na kesho yake unafungia maandazi. Ni wachache sana wanaouliza SAR ni mnyama gani.

Leo nataka tuiongelee SAR, lakini siyo yote. Nataka tuongelee kipande chake kimoja tu: kile kichuma kidogo kinachosimama karibu na mdomo wa mtutu, ambacho mpigaji anakitazama anapolenga. Kilengeo cha mbele. Ni kidogo kuliko kucha ya kidole chako cha mwisho. Na swali langu linasikika kama la kitoto: ukikiondoa, unabakiwa na nini?

Nimelifuatilia swali hili kwa muda sasa, na nimegundua kwamba limepita katika mikono ya wafalme, wanadiplomasia, wabunge na majambazi. Kila mmoja alikuwa na jibu lake, na sisi huku Afrika Mashariki tumeishi ndani ya majibu yao.

SAR NI NINI?

Tuanze na jina. SAR ni kifupi cha maneno ya Kiingereza yenye maana ya bunduki ya nusu-otomatiki. Yaani unavuta kifyatulio mara moja, inatoka risasi moja, halafu bunduki yenyewe inalitupa ganda na kujipakia risasi nyingine. Hukoki tena, unavuta tu. SMG ya polisi wetu yenyewe inaweza kumwaga mfululizo bila wewe kuachia kidole. Hiyo ndiyo tofauti yao kubwa.

SAR inayotajwa kwenye taarifa zetu kwa kawaida ni bunduki iliyobuniwa na Mrusi Sergei Simonov mwaka 1945, inayojulikana duniani kama SKS. Ina magazini isiyochomoka ya risasi 10 na singe inayokunjwa chini ya mtutu. Wachina walianza kutengeneza ya kwao mwaka 1956 na kuiita Aina ya 56. Urusi yenyewe iliiacha mapema ikahamia kwenye AK ya Kalashnikov, lakini dunia ya tatu iliipokea kwa mikono miwili. Ilikuwa rahisi, ngumu kuharibika, na mara nyingi ilikuja kwa mkopo nafuu au bure kabisa.

Hapa kwetu njia yake inaeleweka. Januari 20, 1964 wanajeshi wa Tanganyika Rifles waliasi katika kambi ya Colito, ambayo leo ni Lugalo. Mwalimu Nyerere akalazimika, kwa aibu aliyoisema wazi, kuomba makomando wa Kiingereza waje wazime uasi, nao wakafika Januari 25. Jeshi lile likavunjwa. Septemba 1, 1964 likazaliwa Jeshi la Wananchi, na mwaka huohuo wakaanza kuja walimu wa kijeshi kutoka China. Walimu wakija, silaha zinawafuata. Ndiyo maana hata leo, miongo sita baadaye, unaweza kumkuta askari analinda benki akiwa na bunduki yenye umri mkubwa kuliko baba yake.

MILIMITA MOJA

Miaka michache iliyopita nilikaa na mzee mmoja, mstaafu wa JWTZ aliyepigana vita ya Kagera ya 1978 hadi 1979. Nilimfuata kwa habari nyingine kabisa, lakini mazungumzo ya wazee wa vita hayafuati ratiba ya gazeti. Nilimuuliza ni kitu gani walichofundishwa kwanza walipokabidhiwa bunduki.

"Mwanangu," akaniambia, "kwanza hufundishwi kupiga. Unafundishwa kutazama."

Akanieleza, na baadaye nimesoma na kukuta ni hivyohivyo. Bunduki ina vilengeo viwili: cha nyuma chenye pengo dogo, na cha mbele kama kijiti kilichosimama. Unaweka kijiti katikati ya pengo, halafu unaweka unachokilenga juu ya kijiti. Jicho haliwezi kuona vitu vitatu vilivyo umbali tofauti kwa uwazi uleule, kwa hiyo unachagua kimoja tu cha kukiona vizuri. Wengi hudhani utamkazia macho adui. La! Unakikazia macho kile kichuma cha mbele. Adui anakuwa kivuli, na kichuma ndicho kinachoonekana sawasawa.

Kwenye SAR na kwenye AK, kichuma hichohicho ndicho kinachorekebishwa ili bunduki ikubaliane na macho ya mwenyewe. Kinapandishwa na kushushwa kwa kuzungushwa, kinasogezwa kushoto au kulia, mpaka risasi iende pale jicho lilipotaka. Bunduki mbili zilizotoka kiwanda kimoja siku moja hazipigi sawa mpaka zirekebishwe. Kwa maana hiyo, kichuma cha mbele ndipo mahali ambapo chuma cha kiwandani kinageuka kuwa bunduki ya mtu fulani.

Sasa piga hesabu. Kutoka kilengeo cha nyuma hadi cha mbele ni kama nusu mita. Kichuma kikipinda milimita moja tu, risasi itakuwa imekosea kama sentimita 20 ikifika mita 100. Kwa mita 200 ni sentimita 40. Huo ndio upana wa mtu. Milimita moja inatosha kumkosa uliyemkusudia na kumpata aliyesimama pembeni yake.

Hii ndiyo sababu kichuma hiki kimejengewa ulinzi. Kwenye SAR kimezungushiwa kofia ya chuma. Kwenye AK kina masikio mawili. Bunduki itaburutwa, itaangushwa, itatumika kama fimbo ya kupandia mlima, lakini kichuma hicho kisiguswe.

WALIPOTUCHAGULIA BUNDUKI ZISIZOLENGA

Kulikuwa na zama ambazo bunduki nyingi hazikuwa na habari ya kulenga kwa usahihi. Gobori la zamani lina mtutu laini ndani, bila ile mifereji ya mzunguko inayoifanya risasi ijizungushe na kwenda moja kwa moja. Risasi yake ya duara inatoka kama jiwe. Hata bunduki maarufu ya jeshi la Uingereza ya karne ya 18, ile waliyoipa jina la utani Brown Bess, haikuwa na kilengeo cha nyuma. Mbele ilikuwa na kinundu cha kushikilia singe, na kinundu hicho ndicho kilichokuwa kilengeo kwa mwenye kutaka. Mapigano yalikuwa ya watu mamia kusimama mstari na kufyatua kwa pamoja kuelekea upande wa adui. Ulielekeza, hukulenga.

Karne ya 19 ilibadilisha hayo yote. Ulaya walihamia kwenye mitutu yenye mifereji, risasi zinazopakiwa kwa nyuma, na vilengeo vilivyoandikwa umbali. Magobori yao ya zamani yakakosa kazi. Unafikiri yalipelekwa wapi? Yaliletwa huku. Zanzibar ilikuwa moja ya milango mikubwa. Mwaka 1888 balozi mdogo wa Uingereza pale Unguja, Euan-Smith, aliandika kwamba bunduki kati ya 80,000 na 100,000 zilikuwa zinaingia bara kila mwaka kupitia pwani hii. Zilikuwa mikononi mwa watu wa Mirambo, wa Tippu Tip, na wa watemi wengi wadogo ambao vitabu vyetu vya shule havikuwa na nafasi ya kuwataja.

Lakini biashara haina adabu. Pamoja na magobori zilianza kuja pia bunduki nzuri, zile zenye kulenga. Wakubwa wa Ulaya, waliokuwa ndiyo kwanza wanagawana bara hili, wakashtuka.

Hapo ndipo tunafika Brussels. Kuanzia Novemba 1889 hadi Julai 2, 1890 mataifa 17 yalikaa katika mji huo kuzungumzia kukomesha biashara ya utumwa. Zanzibar ilikuwa mmoja wa waliotia saini. Mkataba una mambo mengi mema, na sitaki niudhalilishe wote. Lakini ndani yake kuna vifungu kuhusu silaha ambavyo kila Mwafrika aliyesoma angepaswa kuvijua. Katika eneo la Afrika kati ya nyuzi 20 kaskazini na nyuzi 22 kusini ya Ikweta ilikatazwa kuingiza bunduki, hasa zile za mtutu wenye mifereji na za kisasa. Kilichoachiwa mlango, kwa masharti, ni bunduki za mtutu laini zinazowashwa kwa jiwe, na baruti ya kawaida.

Soma tena taratibu. Hawakusema Mwafrika asiwe na bunduki kabisa. Walisema anaweza kuwa na ile isiyolenga. Ile ya kupigia fataki harusini, ya kufukuzia ngedere, ya kutishia jirani. Ile inayoweza kumpata mzungu kutoka mita 300 asiwe nayo. Sababu iliyotolewa ni utumwa, na kweli wateka watumwa walitumia bunduki. Lakini mkataba ulewale haukuwazuia waliousaini kuwapa askari wao bunduki bora walizonazo. Miaka 15 baadaye, kwenye Maji Maji, tofauti hiyo ilisomwa juu ya miili ya watu.

Kuna wakati mmoja hesabu hiyo ilipinduka, na ni vizuri tuukumbuke. Agosti 17, 1891, pale Lugalo ya Iringa, msafara wa Emil von Zelewski ulishambuliwa na Wahehe wa Mkwawa. Walijificha vichakani na kutokea karibu sana, wengi wao wakiwa na mikuki na ngao. Zelewski aliuawa pamoja na Wajerumani wengine na askari zaidi ya 200. Mamia ya bunduki zilitekwa. Wataalamu wameandika mengi kuhusu siku ile, lakini mimi naona jambo moja lililo wazi: kilengeo kinahitaji umbali. Adui akishafika hatua tano kutoka kwako, kichuma cha mbele ni pambo. Miaka mitatu baadaye, Oktoba 1894, Wajerumani walirudi na mizinga, wakaipiga Kalenga kutoka mbali. Walikuwa wamejifunza.

JICHO LISILOONDOKA

Turudi kwenye nusu-otomatiki, maana ndiyo mada yetu.

Bunduki walizobeba babu zetu wa KAR, wale wazee walioitwa keya, mpaka Burma mwaka 1944 zilikuwa za kukoki. Unapiga, unanyanyua mkono, unavuta chuma nyuma, unasukuma mbele, unarudi kwenye kifyatulio. Katika kufanya hivyo kichwa kinatikisika na jicho linaondoka kwenye kilengeo. Kila risasi ni kuanza upya.

Hiyo haimaanishi kwamba bunduki ya kukoki haiui. Katika vita ya majira ya baridi kati ya Finland na Urusi, 1939 hadi 1940, mkulima mmoja wa Kifini, Simo Häyhä, alihesabiwa kuwa ameua askari zaidi ya 500, akiwa na bunduki ya kukoki na vilengeo vya chuma vya kawaida. Darubini aliikataa. Kioo kinaweza kung'aa juani na kumuumbua, kinaingia ukungu kwenye baridi, na kinamlazimisha mtu ainue kichwa zaidi. Kichuma hakina matatizo hayo.

Lakini wahandisi walikuwa wanatafuta kitu kingine. Walitaka jicho likae palepale. Jenerali wa Mexico, Manuel Mondragón, alibuni bunduki iliyotumia gesi ya risasi kujipakia yenyewe, na mwaka 1908 jeshi la nchi yake likaipokea, ikitengenezwa Uswisi. Ndiyo nusu-otomatiki ya kwanza kupokelewa rasmi na jeshi. Mwaka 1936 Marekani ikapokea bunduki ya John Garand, na ikaingia vita kuu ya pili ikiwa na askari wa kawaida wanaopiga risasi nane bila kukoki, wakati wengi wa maadui zao bado wanavuta chuma. Halafu akaja Simonov na SKS yake.

Watu husema faida ya nusu-otomatiki ni kasi. Ni kweli, ila ni nusu ya ukweli. Faida yake nyingine ni kwamba jicho haliondoki kwenye kichuma cha mbele. Bunduki inajipakia huku wewe bado unatazama. Risasi ya pili inatoka ukiwa bado unamwona yuleyule. Kwa mara ya kwanza katika historia, askari aliyefunzwa wiki chache aliweza kukaa ndani ya kulenga bila kutoka.

KUKIONDOA

Sasa tufike kwenye kuondoa.

Mwamerika Eugene Stoner alipobuni AR-15 miaka ya 1950, alifanya jambo la ajabu kidogo. Kilengeo cha mbele alikisimamisha juu ya mnara mdogo wa pembetatu, na mnara huohuo akaufanya mlango wa gesi. Gesi ya risasi inapanda kutoka kwenye mtutu, inaingia kwenye mnara, inarudi nyuma kwa bomba jembamba na kuifanya bunduki ijipakie. Yaani kulenga na kupumua kwa bunduki viliwekwa mahali pamoja. Ukiung'oa mnara huo bila kuweka kitu mahali pake, gesi inapotea hewani, na nusu-otomatiki yako inageuka bunduki ya kukoki kwa mkono.

Kwa miaka mingi hakuna aliyeona sababu ya kuung'oa. Halafu vioo vikawa bora. Austria ilipokea bunduki ya Steyr AUG mwaka 1977 ikiwa na darubini ndogo iliyojengwa juu yake tangu kiwandani. Mwaka 1985 Uingereza ikawapa askari wake SA80 yenye darubini ya kukuza mara nne. Mwaka 1995 Marekani ikapitisha kipimo kimoja cha reli ya kufungia vifaa juu ya bunduki, na jeshi lake likachagua kioo chenye nukta nyekundu. Unaweka nukta juu ya unachokitaka, basi. Vitu vitatu alivyonieleza yule mzee vikawa viwili, na jicho likaruhusiwa kumtazama adui mwenyewe.

Hapo mnara wa Stoner ukawa kero. Umesimama mbele ya kioo kama mtu mrefu kwenye kiti cha mbele cha sinema. Watengenezaji wakaanza kuuza bunduki zisizo nao, zikiwa na mlango wa gesi mfupi uliojificha chini ya kifuniko cha mtutu, na vilengeo vya chuma vikawa vya kukunja, vya akiba, kama tairi la ziada. Mwaka 2022 jeshi la Marekani lilichagua bunduki mpya ambayo kioo chake kina kompyuta ndogo inayopima umbali na kumwambia askari ashike wapi. Kutoka kinundu cha Brown Bess hadi hapo ni safari ya miaka 300 hivi.

Huko kuondoa ni kwa jeshi. Kuna kuondoa kwingine kulikofanywa kwa ajili ya sheria, na hako kastori kanafundisha zaidi.

Septemba 13, 1994 Marekani ilianza kutumia sheria ya kupiga marufuku baadhi ya bunduki za nusu-otomatiki zilizofanana na za kijeshi. Tatizo likawa: bunduki ya kijeshi unaitambuaje? Wabunge wakatengeneza orodha ya vipande. Kitako kinachokunjwa. Mshikio wa kama bastola. Mahali pa kufunga singe. Kifaa cha kupunguza mwali mdomoni. Kifaa cha kurushia bomu. Bunduki yenye magazini ya kuchomoka ikiwa na viwili au zaidi kati ya hivyo, ni haramu.

Kilengeo cha mbele hakikuwemo kwenye orodha, lakini mahali pa kufunga singe kwenye AR-15 pako chini ya mnara uleule wa kilengeo. Unajua watengenezaji walifanya nini? Walichukua tupa. Wakasugua kinundu cha singe mpaka kikaisha, wakaondoa kifaa cha mdomoni, wakaiuza bunduki ileile. Risasi ileile, kasi ileile, usahihi uleule. Sheria ilikuwa imehesabu vipande, na wao wakahesabu pia. Baada ya miaka kumi kamili, Septemba 13, 2004, ilifikia kikomo na haikuhuishwa. Wanaobishana kama ilisaidia au la wanabishana mpaka leo, na mimi siwaingilii. Ninachosema ni kwamba tupa haikubadilisha bunduki kuwa kitu kingine.

Ulaya nao wana lao. Januari 2015, katika mashambulizi ya Paris, mmoja wa washambuliaji alikuwa na bunduki zilizokuwa zimeuzwa kihalali Slovakia kama za kutoa mlio tu, baada ya kurekebishwa zisipige risasi halisi. Mtu akazirudisha kama zilivyokuwa. Mwaka huohuo Umoja wa Ulaya ukatunga masharti makali zaidi ya namna ya kuua bunduki. Kilichoondolewa kinaweza kurudishwa, ikiwa kilichobaki bado ni bunduki.

NA SISI JE?

Katika kazi hii nimesimama zaidi ya mara moja mbele ya meza ya polisi iliyopangwa silaha zilizokamatwa, wapiga picha wakigombea nafasi. Mara moja niliona SAR iliyokatwa kwa msumeno mbele na nyuma. Kitako hakikuwepo, na sehemu ya mbele ya mtutu haikuwepo pamoja na kichuma chake cha kulengea na kofia yake. Nilimuuliza afande mmoja kwa nini wanazikata hivyo. Akanijibu kwa mkato: "Iingie chini ya koti."

Jibu hilo limenikaa. Yule jambazi hakuhitaji kilengeo, kwa sababu hakukusudia kulenga. Anasimama mlangoni mwa duka la M-Pesa, au dirishani mwa basi usiku, na mtu wake yuko hatua mbili mbele. Kama kukitokea purukushani, atapiga kuelekea upande wa watu. Amerudi kwenye gobori, ila gobori linalopiga risasi 10. Waliouandika mkataba wa Brussels walidhani bunduki isiyolenga ni bunduki ya salama. Kwa nani? Kwao labda. Kwa mama ntilie aliyesimama pembeni, bunduki isiyolenga ni mbaya kuliko inayolenga, maana hata huruma ya mpigaji haiwezi kumwepusha.

Ndiyo maana sipendezwi ninaposikia mjadala wetu wa silaha ukiishia kwenye aina na vipande. SMG au SAR, ndefu au fupi, ya kienyeji au ya kiwandani. Mwaka 2014 kituo cha polisi cha Ushirombo kilivamiwa. Mwaka 2015 ikawa Ikwiriri, na Julai mwaka huohuo Stakishari, hapa hapa Dar. Askari waliuawa na bunduki zikaporwa. Bunduki hizo zilikuwa kamili, na vilengeo vyake, na namba zake, zikiwa kwenye ghala la serikali. Swali muhimu halikuwa zina nini mbele. Swali lilikuwa ziko wapi, nani anazihesabu, na nani anazilinda.

Kwa haki, kuna watu waliolielewa hilo. Mwaka 2004 nchi za Maziwa Makuu na Pembe ya Afrika zilisaini Itifaki ya Nairobi, ambayo kiini chake ni kuziwekea alama silaha, kutunza kumbukumbu zake, na kuziharibu za ziada. Tanzania ni mmoja wao, na mwaka 2015 tukapata Sheria mpya ya Silaha na Risasi. Kenya mwaka 2016 ilichoma moto zaidi ya bunduki 5,000 pale Ngong. Moto hauna mjadala wa vipande.

Lakini mfano ninaoupenda zaidi uko kusini kwetu. FRELIMO ilizaliwa Dar es Salaam Juni 1962, wapiganaji wake walifunzwa Kongwa na Nachingwea, na Septemba 25, 1964 wakaanza vita ya ukombozi. Sehemu ya bunduki zilizowafikia zilipita katika ardhi hii, na tunajivunia hilo, ni haki yetu. Baada ya uhuru wa 1975 nchi ile ikaingia kwenye vita nyingine, ya wao kwa wao, kuanzia 1977 mpaka mkataba wa amani wa Roma, Oktoba 4, 1992. Vita ikaisha, bunduki zikabaki zimefukiwa mashambani na kufichwa darini.

Mwaka 1995 Baraza la Kikristo la Msumbiji, likisukumwa na Askofu Dinis Sengulane wa Kanisa la Anglikana, lilianzisha mpango wa kubadilishana. Leta bunduki, chukua cherehani. Leta bunduki, chukua baiskeli, jembe, bati. Bunduki zilizoletwa hazikuwekwa ghalani wala kuondolewa kipande kimoja kimoja. Zilikatwakatwa. Vipande vingine walipewa wasanii wa Maputo, na mwaka 2001 mmoja wao, Cristóvão Canhavato anayejulikana kama Kester, aliunda kiti cha enzi kwa vyuma hivyo. Mwaka uliofuata kikanunuliwa na makumbusho ya British Museum, London, ambako kimetazamwa na watu kutoka kila pembe ya dunia.

Nimezikazia macho picha za kiti kile muda mrefu. Ni mitutu, magazini na vitako vilivyounganishwa kuwa migongo, miguu na mikono. Historia inatuambia kwamba kumnyima mtu kilengeo ni kumdharau, kumkatia bunduki iingie chini ya koti ni kuwahatarisha wapita njia, na kusugua kinundu kwa tupa ni kumchezea mwanasheria. Kati ya wote niliowasoma, Wamsumbiji ndio waliolijibu swali langu vizuri kuliko wengine. Walianza na kichuma cha mbele, hawakusimama hapo, wakaendelea mpaka bunduki ikaisha.